Mgeni wa Chumba cha Saba

Tabata, Dar es Salaam
3 Oktoba 1998

Mpendwa Hamisa,

Marahaba. Najua hujanisalimu bado, lakini barua zako zote huanza na shikamoo, nimeona niitikie mapema.

Jumatatu ya wiki iliyopita nilikwenda kwa daktari. Alinipima, akaandika, akanipa dawa ya maumivu. Hakunipa tarehe ya kurudi. Nimefundisha miaka thelathini na minne, najua maana ya daftari ambalo mwalimu ameacha kulisahihisha. Sikumwuliza kitu. Nilivaa shati langu tukaondoka.

Mdogo wako Jabiri ndiye aliyenipeleka. Tangu Agosti amehamia chumba changu cha mbele. Asubuhi huenda Kariakoo kwenye kibanda chake cha vyombo vya umeme, jioni hurudi na mkate. Nilimwambia nataka kitu cha kusoma kisicho na uzito, maana kitabu kikubwa kinanilemea kifuani na gazeti linataka mikono miwili. Akaniletea kidude cha kijivu, ukubwa wa kiganja, kilichotoka Dubai kwenye boksi la mitumba.

Nikamwambia redio ninayo.

“Hii siyo redio, Mwalimu. Hii gemu ya kusoma. Hamna risasi, hamna mpira. Unasoma hadithi na picha zake, ukifika mahali inakuuliza ufanyeje, unachagua, inaendelea.”

“Na nikichagua vibaya?”

“Hamna vibaya. Inaenda tu.”

Nimekishika siku tano sasa. Kinakula betri nne kwa wiki. Maandishi ni ya Kiingereza, mistari mitatu kwa mara moja, na ninayasoma kwa kioo cha kukuzia kwa sababu jicho la kulia lilifunga mwaka jana na la kushoto linafuata. Hadithi ni ya msichana anayeitwa Sayo, anayehudumia nyumba ya wageni katika mji wa baridi. Nchi yenyewe siijui. Watu wake huvua viatu mlangoni kama sisi.

Jabiri anasema mchezo huohuo umo ndani ya kompyuta aliyowauzia ninyi huko kiwandani. Ni kweli? Kama ni kweli, uufungue, tusome pamoja kama zamani. Nitafurahi kujua kama chako kinasema sawa na changu.

Wako,
Mwl. Gozbert Audax


Mwanza
15 Oktoba 1998

Mwalimu wangu,

Shikamoo. Naiandika hivyohivyo ingawa umeshaitikia.

Barua yako niliisoma nimesimama stoo, kati ya maboksi ya minofu ya samaki. Pale ulipoandika habari za daktari nilipasoma mara mbili, kisha nikarudi kuhesabu maboksi. Nimeomba likizo. Wamesema Februari. Nitaomba tena.

Mchezo upo. Umekaa humo mwaka mzima na mimi natumia mashine hiyo kila siku kuandika orodha za mizigo. Sasa nabaki ofisini saa ya chakula, wenzangu wakitoka. Felicitas wa mapokezi anadhani nafunga swaumu ya sunna. Nimemwacha adhani.

Kwangu kuna rangi, Mwalimu. Theluji ni nyeupe kweli, inaanguka polepole, na mlangoni pa nyumba ya wageni kuna taa ya karatasi nyekundu inayopepea. Sayo ana koti la kijani lenye kiraka kwenye kiwiko. Kuna muziki wa nyuzi. Umeme ukikatika, yote yanapotea, nami naanza upya kutoka siku ya kwanza, kwa sababu sikujua kuhifadhi. Jana nimejua.

Nimefika siku ya pili ya hadithi. Mwenye nyumba amemwagiza Sayo achemshe maji ya wageni. Niliulizwa nianze chumba kipi, nikachagua cha saba, kwa sababu ndicho kilichokuwa mbali kuliko vyote. Wewe ulianza na kipi?

Juzi meneja aliniuliza Kiingereza nilijifunzia wapi. Nikamwambia Temeke, chini ya bati lililovuja, kwa Mwalimu Gozbert, na kwamba mimi ndiye msichana wa kwanza wa shule ile kuchaguliwa kwenda sekondari. Akasema huyo mwalimu ana thawabu. Nikamwambia hata baba yangu mzazi hakunifanyia kiasi hicho.

Nisalimie Jabiri. Mwambie akupikie uji wa ulezi, si wa sembe.

Mwanao,
Hamisa Mudathir


Tabata
26 Oktoba 1998

Hamisa,

Marahaba.

Nimetoa daftari na kupiga mstari katikati ya ukurasa. Kushoto nimeandika KIDUDE, kulia KOMPYUTA. Kwangu theluji ni nukta. Taa ya karatasi ni duara lenye msalaba. Koti halina rangi wala kiraka. Nimekiandika kiraka chako upande wa kulia na sasa namwona nacho. Muziki wangu ni wa mbu mmoja. Lakini changu hakijali umeme kukatika, na wiki hii umekatika siku nne.

Kiingereza cha mchezo kina makosa. Niliyasahihisha kwa kalamu nyekundu daftarini, kisha nikakumbuka kwamba hakuna mwanafunzi wa kumrudishia.

Mimi nilianza chumba cha kwanza na kwenda kwa utaratibu, kama mahudhurio. Kwa hiyo chumba cha saba nimekifikia wiki hii. Ndani yake kuna mzee anayekohoa. Sayo anampelekea maji ya moto. Siku ya kwanza anauliza kama daraja limefungwa kwa theluji. Siku ya pili anauliza tena. Siku ya tatu kidude changu kinaandika hivi, nami nakutafsiria: “Asubuhi, chumba cha saba kilikuwa kitupu.” Sayo anatandika kitanda, anafungua dirisha, anaingia mgeni mwingine.

Nimerudia mara nne. Nimechagua kila kitu tofauti, hata kumnyima maji, Mungu anisamehe. Chumba ni kitupu vilevile. Aliondoka? Alikufa? Na ule mstari unakuja ghafla, kama kwamba kabla yake palikuwa na kitu kikatolewa. Nimesahihisha insha za watoto miaka mingi, najua insha iliyonyofolewa ukurasa.

Kwako inakuwaje?

Jabiri ananitunza vizuri. Tumegombana mara moja tu. Alitaka kunitilia uji kwenye lile bakuli la mama yenu, la maua ya buluu, lililo juu ya kabati. Nikamkataza. Akasema, “Mwalimu, bakuli si la maonyesho.” Nikamwambia aliweke alipolitoa.

Wako,
Mwl. G. Audax


Mwanza
6 Novemba 1998

Mwalimu wangu,

Shikamoo.

Ulikuwa sahihi, pametolewa kitu. Nimemwuliza fundi aliyekuja kutengeneza mashine ya kuchapa. Anasema vidude vidogo havina nafasi, kwa hiyo wanaotengeneza hupunguza hadithi mpaka ienee, na hupunguza pale ambapo msomaji hatagundua.

Kwangu chumba cha saba ni kirefu. Usiku wa pili yule mzee anamwita Sayo akae. Anamwambia kwamba ng'ambo ya daraja ana binti, hawajaonana miaka mingi, na yeye hatafika mwisho wa mwezi. Anampa bahasha. Anamwomba aipeleke kabla daraja halijafungwa. Sura yake wameichora karibu sana, mpaka ndevu zinaonekana moja moja.

Halafu mchezo unauliza. Kuna majibu mawili tu. La kwanza, Sayo aipeleke bahasha. La pili, aiweke kwenye mfuko wa aproni. Maana kesho yake asubuhi Sayo ana usaili wa kazi mjini, kazi aliyoisubiri tangu mwanzo wa hadithi, na akienda darajani atachelewa.

Nimechagua aipeleke. Binti anakuja. Anakaa na baba yake siku moja na nusu. Sayo anakosa kazi. Kisha ndiyo unakuja ule mstari wako, neno kwa neno, “Asubuhi, chumba cha saba kilikuwa kitupu,” lakini Mwalimu, kwangu hauji ghafla.

Nilikaa hapo mpaka Felicitas akarudi. Akaniuliza kama nimefiwa.

Kwa hiyo kwenye kidude chako Sayo hakuulizwa kitu. Yeye anatandika kitanda tu na hana kosa. Nimefikiri labda ni afadhali kwako. Sijajaribu jibu la pili. Nikilijaribu nitakuandikia.

Wanasema huenda nikapata likizo Januari.

Mwanao,
Hamisa


Mwanza
4 Desemba 1998

Mwalimu,

Shikamoo. Wiki nne sijapata barua yako. Nilimpigia Jabiri simu kwenye duka la jirani yake. Anasema unakula kidogo, unalala, na kidude umekitoa betri na kukigeuza uso chini. Nikamwuliza kama una hasira na mimi. Akasema, “Mie sijui, dada. Kaomba karatasi na kalamu ya wino mzito. Anaandika mistari miwili kwa siku, nikiingia anafunika kama mtoto anayeogopa kuibiwa majibu.”

Kama ni jambo nililoandika, niambie.

Hamisa


Tabata
13 Desemba 1998

Hamisa,

Hukuandika kosa lolote. Herufi nimezifanya kubwa kwa sababu sizioni. Ukikuta mstari umepanda juu ya mwingine, vumilia.

Unakumbuka kwamba mtaani kwetu Temeke nyumba hazikuwa na sanduku la posta. Barua za watu zilikuja kwa sanduku la shule, na waliokuwa hawajui kusoma waliletewa na mwalimu, akawasomea palepale barazani, na mwalimu huyohuyo akaandika jibu. Mimi nilifanya kazi hiyo miaka tisa. Nilisoma talaka, nilisoma vifo, nilisoma maombi ya sukari. Hakuna aliyewahi kuniuliza kama nimesoma yote. Lingekuwa swali la kunitukana.

Mwezi wa Agosti 1975 ilikuja barua ya baba yako, Mudathir, kutoka Kigoma, alikokwenda kubeba mizigo bandarini. Alikuwa na mwandiko wa darasa la nne. Karatasi mbili. Mimi nilikuwa na desturi ya kuzipitia barua kwanza ofisini, ili nisikwame mbele ya watu. Karatasi ya kwanza ilikuwa salamu na habari za kazi. Karatasi ya pili ninaiweka ndani ya bahasha hii. Uisome kabla hujaendelea na maneno yangu.

Sasa umeisoma. Umeona anaposema kifua chake kimeharibika, kwamba wauguzi wamemwambia hataumaliza mwezi wa Ramadhani, kwamba mama yako auze cherehani apande treni na wewe, hata kama mimba ni kubwa. Umeona anapokutaja. Anataka kukusikia ukisoma, kwa sababu mara ya mwisho alipokusikiliza ulikuwa bado unasoma kwa kidole.

Mtihani wenu wa darasa la saba ulikuwa umebaki wiki tano.

Nitakueleza nilivyofikiri, bila kujitetea. Shule yetu haikuwa imewahi kutoa msichana hata mmoja kwenda sekondari. Nilikuwa nimewaambia walimu wenzangu kwamba mwaka ule nitamtoa, na walinicheka. Treni ya Kigoma ni siku tatu. Mkienda, mtakaa mpaka mwisho wake, hamtarudi kabla ya mtihani. Mama yako alikuwa na mimba ya miezi saba, na Mudathir angekufa mkiwapo au msipokuwapo. Nilipiga hesabu hiyo kama hesabu ya ubaoni na nikapata jibu. Karatasi ya pili niliitia ndani ya rejista ya mahudhurio. Nilijiambia nitamsomea mama yako baada ya mtihani.

Jioni nikaenda barazani kwenu. Nikasoma karatasi ya kwanza. Mwishoni nikaongeza kwa mdomo wangu, “Wasalaamu, ni mimi mume wako.” Mama yako alicheka kwa furaha. Wewe ulikuwa unachambua mchele, ukaniuliza kama baba amekutaja. Nikasema amekutaja, anasema usome kwa bidii.

Kisha mama yako akaniambia niandike jibu. Nikaandika alivyosema. Kwamba kuku wawili wameangua. Kwamba paa limezibwa. Kwamba mwanawe anajiandaa kwa mtihani na Mwalimu anamsifu. Kwamba asiwe na haraka ya kurudi, apate kwanza. Niliyaandika kwa mwandiko mzuri na kuyapeleka posta mwenyewe. Hayo ndiyo majibu aliyopata mtu yule akiwa kitandani. Habari za kuku. Nimejaribu miaka ishirini na mitatu kufikiri jambo lingine ninapofika hapo, na siwezi.

Alifariki siku ya kumi na moja ya Ramadhani. Taarifa ilifika wiki moja baada ya mtihani wako, kwa mdomo wa mtu aliyetoka huko, na akasema marehemu aliugua miezi miwili. Mama yako akanigeukia mbele ya watu wote waliokaa msibani. “Mwalimu, mbona hakuniandikia?” Nikamjibu, “Labda hakutaka kukutia wasiwasi, dada.” Mwezi uliofuata alimzaa Jabiri.

Hukunikosea kitu uliponiandikia kuhusu bahasha na aproni. Nilikuwa sijui kama kuna mtu mwingine duniani amelifikiria jambo hilo. Nilikitoa betri kidude kwa sababu nilipendezwa mno na hadithi yake, ambamo chumba kinakuwa kitupu na hakuna aliyeulizwa.

Sikuombi unisamehe. Nimefundisha, najua tofauti kati ya mtoto anayetubu na mtoto anayetaka kengele igongwe. Mimi sina uhakika ni yupi.

Kuna jambo moja la kuamua, na ni lako. Barua hii nimeifunga mwenyewe. Jabiri ataipeleka posta tu. Hajui chochote. Lakini jibu lako sitaweza kulisoma, jicho limekwisha. Jabiri ndiye atakayenisomea, na hapa mtaani hakuna mwingine. Ukitaka asijue, niandikie habari za hali ya hewa ya Mwanza, nami nitaelewa. Ukitaka ajue, andika.

Na kama umejaribu jibu la pili la Sayo, niambie linaishaje.

Gozbert Audax


Mwanza
31 Desemba 1998

Jabiri mdogo wangu,

Barua hii ni ya Mwalimu, lakini naanza na wewe kwa sababu wewe ndiye unayeshika karatasi. Keti karibu naye. Msomee kila neno mpaka jina langu. Utafika mahali utataka kuruka, au kunyamaza ujifanye mwandiko umekushinda. Usiruke. Ukimaliza uniandikie kwamba umesoma yote. Anza hapa.

Mwalimu, shikamoo.

Nilikaa siku tatu nikiandika habari za hali ya hewa. Nilifika ukurasa mzima. Ziwa limejaa, mvua ni ya asubuhi, kunguni wamezidi. Ilikuwa barua nzuri. Nikaona mwandiko wangu unafanana na wako, nikaichana.

Jabiri, mwaka 1975 baba yetu alituita Kigoma akiwa mgonjwa. Aliandika karatasi mbili. Mwalimu alimsomea mama moja, akaificha ya pili ili mimi nifanye mtihani. Baba akafa akidhani tumesoma na hatukuja. Karatasi ya pili ninayo. Ndani yake amekuandika na wewe. Anasema akizaliwa wa kiume aitwe Jabiri. Mama alikupa jina hilo kwa sababu baba alikuwa akilitaja tangu zamani. Hakujua kwamba alikuwa amelitaja tena.

Mwalimu, nimetafuta hasira. Naamka, nafanya kazi, nafuturu, nalala. Kila nikitaka kukasirika nakasirika kwa Kiingereza chako na kwa hesabu zako. Nimeangalia mikono yangu juu ya kompyuta na sikujua niifanyeje. Sikukusamehe. Wala sikukulaani. Sina ninachohisi, na ninakuandikia hivyo kwa sababu ndivyo ilivyo.

Lakini kuna jambo usilolijua, na ni haki yako kulijua.

Karatasi ya kwanza mama aliitunza. Niliikuta sandukuni mwake alipofariki mwaka tisini na moja. Inaishia chini kabisa, ukurasa wa nyuma, kwa maneno haya: “Na sasa mke wangu nakuomba jambo moja, nalo ni”. Basi. Hakuna nukta. Ulipomsomea pale barazani uliishia kabla ya hapo. Nilipoiona nilidhani baba alikosa karatasi.

Mwaka sabini na saba mama aliingia darasa lako la jioni la watu wazima. Wewe ndiye uliyemfundisha kusoma. Alisoma kwa mara ya kwanza alfabeti, kisha kile kitabu cha kisomo kilichohusu kilimo cha pamba, kisha barua hiyo. Najua aliisoma, kwa sababu chini ya neno la mwisho ameandika kwa penseli, kwa herufi zile zako za darasani, zilizonyooka: “nini”. Ameliandika mara tatu, si siku moja. La kwanza limetetemeka. La tatu limekaa vizuri.

Kwa hiyo alijua kuna kilichotolewa, na alijua barua zote zilipita mkononi mwa nani. Aliishi baada ya hapo miaka kumi na minne. Hakukuuliza. Kila Idd alimtuma Jabiri kwako na bakuli la pilau. Sijui alikuwa anakushukuru, au anakusubiri. Nimefikiri sana. Sijui.

Uliniuliza jibu la pili. Nimelijaribu jana. Sayo anaiweka bahasha kwenye aproni. Asubuhi anapata kazi. “Asubuhi, chumba cha saba kilikuwa kitupu.” Nilingoja adhabu. Hakuna, Mwalimu. Anafanikiwa, anavaa koti jipya, watu wanampenda. Hadithi inakwisha kwa picha ileile ya theluji na muziki uleule. Kuna tofauti moja tu. Wanapoonyesha nyumba ya wageni mara ya mwisho, madirisha yote yana taa isipokuwa moja.

Likizo nimepata. Ninaondoka hapa tarehe kumi na tisa kwa treni.

Hamisa Mudathir


Tabata
12 Januari 1999

Dada Hamisa,

Nimesoma yote.

Nilipofika “anza hapa” nilidhani ni ishu ya mirathi. Nikaendelea. Pale kwenye jina langu nikashusha karatasi. Mwalimu kafumba macho, akasema, “Usiruke.” Nikasema siruki, napumzika. Akasema, “Pumzika, halafu rudi mwanzo wa sentensi.” Kama darasani vile. Nikarudi mwanzo wa sentensi.

Nilipomaliza akaniuliza, “Umeruka?”

Nikamwambia, “Sijaruka.”

“Nisomee tena pale pa penseli.”

Nikamsomea mara tatu. Mara ya tatu alikuwa anasema na mie, taratibu, “nini.” Basi. Hakulia. Mie pia sikulia. Nilitoka nje nikakaa kwenye tofali mpaka adhana ya magharibi, nikafungua kwa maji, nikarudi ndani nikampa uji. Nilitaka nisimpe, dada, sikufichi. Nilisimama na kikombe mlangoni muda. Halafu nikaona uji utapoa. Alikunywa vijiko vinne.

Alifariki Jumapili asubuhi, tarehe kumi. Nilikuwa namgeuza. Wazee wa kanisani kwake wamekuja, tumemzika jana makaburi ya huku Tabata. Uliyemwomba likizo umwambie sababu imebadilika, lakini uje.

Kidude nimekitia betri. Alikuwa amehifadhi palepale, Sayo amesimama nje ya chumba cha saba ameshika maji, hajaingia. Nimekizima tena. Kibandani sikiuzi.

Kuna jambo la bakuli. Siku moja kabla hajafa aliniambia nimshushie lile la maua ya buluu kutoka kabatini. Unakumbuka nilivyokuwaga narudi nalo kila Idd, halirudi tupu hata siku moja, leo daftari, kesho kalamu, mwaka mwingine kamusi yako? Lile la Idd ya mwisho ya mama halikurudi kabisa, na nyumbani tulidhani limepotea msibani, mpaka nilipohamia hapa nikaliona juu ya kabati. Halikupotea. Aliniambia amekaa nalo miaka saba na nusu anafikiri arudishe na nini ndani, hajapata. Akanipa. Akasema, “Mpelekee Hamisa hivyohivyo.”

Idd ni wiki ijayo. Bakuli liko hapa mezani, nimelifuta vumbi. Sijatia kitu ndani.

Ile karatasi ya pili uje nayo. Nataka kuuona mwandiko wake.

Mdogo wako,
Jabiri Mudathir